Mwanamke Aliyetupa Mgongo

Katika miaka yangu ya ualimu nilikuwa na adhabu moja niliyoipenda kuliko viboko. Nilimwambia mwanafunzi mkosaji, "Nenda kasimame pale kwenye mlingoti wa bendera mpaka nitakapokuita." Hapakuwa na fimbo wala makelele. Alisimama tu, huku wenzake wakipita kwenda darasani, bwaloni na uwanjani. Chuo cha ualimu hakikunifundisha adhabu hiyo. Niligundua mwenyewe kazini kwamba ni shida kubwa kwa mtu kusimama kimya mbele ya watu wanaotembea. Nikastaafu nikiamini kwamba jambo la kusimama nimelimaliza, halina tena la kunifundisha.

Mwaka jana mjukuu wangu, ambaye anasoma mambo ya sanaa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, alikuja kwangu likizo. Jioni moja alinikalisha barazani mbele ya kompyuta yake ndogo, akasema, "Babu, nataka uone kazi ya msanii mmoja wa Korea. Ila usiseme neno mpaka iishe." Nikamwahidi.

Nilichokiona ni hiki. Mwanamke amesimama katikati ya barabara ya mji wa Tokyo. Amevaa vazi refu la rangi iliyofifia, nywele amezifunga zikalala moja kwa moja mgongoni. Ametupa mgongo sisi watazamaji. Uso wake hatuuoni. Watu wanamjia kwa mamia, wanampita kulia na kushoto kama maji ya mto yanavyolipita jiwe. Hageuki, hainui mkono. Hakuna sauti yoyote. Basi, mwanzo ni huo na mwisho ni huo huo.

Mjukuu wangu akaniuliza, "Unaonaje, Babu?"

Nikamjibu kwa ulimi wa mkuu wa shule: "Ningempa sifuri. Amefanya nini? Kusimama hata mbuzi anasimama."

Akacheka sana. Kisha akasema neno ambalo sikulitilia maanani siku ile: "Babu, usimtazame yeye. Watazame wanaompita."

Msanii huyo anaitwa Kimsooja. Alizaliwa mwaka 1957 katika mji wa Daegu, Korea Kusini, miaka 4 tu baada ya vita vya Korea kusimama. Baba yake alikuwa mwanajeshi, na familia ilihamahama kila alipopangiwa kituo kipya. Alisomea uchoraji katika Chuo Kikuu cha Hongik mjini Seoul. Jina lake analiandika kama neno moja, jambo alilolitangaza mwaka 2003. Kwa desturi ya Wakorea jina la ukoo hutangulia na jina la mtu hufuata. Yeye aliyaunganisha yote mawili, akaeleza kwamba jina la namna hiyo halimwambii mtu kama mwenye jina ni mke au mume, kama ameolewa au hajaolewa, wala anatoka wapi.

Safari yake ya sanaa ilianzia mahali ambapo mama yeyote wa kwetu angepatambua. Mwaka 1983 alikuwa ameketi na mama yake mzazi wakishona pamoja shuka la kufunikia kitanda. Alipoichoma sindano katika kitambaa alipata mshtuko wa ghafla, kana kwamba nguvu za ulimwengu mzima zimepita mwilini mwake na kuishia kwenye ncha ya ile sindano. Kijana aliyefundishwa kuchora kwa brashi akawa amepata chombo chake. Kwa miaka kadhaa baadaye alishona vipande vya nguo kuukuu, vingine vya marehemu bibi yake.

Kutoka kwenye kushona akafika kwenye kufunga. Wakorea wana kitu wanachokiita bottari. Sisi tunakiita furushi: unatandaza shuka, unaweka vitu vyako katikati, unakutanisha ncha nne na kukaza fundo. Msanii huyu hutumia shuka za kitanda ambazo zamani walipewa maharusi, zenye rangi kali na tarizi za kuwatakia furaha, umri mrefu na watoto wengi. Hanunui mpya. Anachukua zilizokwisha kutumika, za watu asiowajua, kwa sababu juu ya shuka ya namna hiyo mtu huzaliwa, huota ndoto, hupendana na mwenziwe, huugua na hatimaye hufa. Niliposikia hivyo nilikumbuka kanga. Mtoto hupokelewa kwa kanga, hubebwa mgongoni kwa kanga, bibi harusi hutandikiwa kanga apite, na wanawake huenda msibani wamejitanda kanga. Sikuhitaji mwalimu wa kunifafanulia zaidi.

Aidha, katika lugha ya Kikorea kusema kwamba mwanamke amefunga furushi lake ni kusema kwamba ameondoka, ameiacha nyumba yake. Na kizazi cha wazazi wa Kimsooja kilijua maana nyingine ya furushi, maana wakati wa vita vya 1950 hadi 1953 umati wa wakimbizi ulitembea na mafurushi kichwani na mgongoni.

Novemba 1997 Kimsooja alipakia mafurushi hayo kwenye lori, akakaa juu yake, akazunguka nchi yake kwa siku 11, kilometa 2,727, akipita katika miji na vijiji alikopata kuishi. Katika picha za safari ile, humo pia anaonekana kwa mgongo: mwanamke mdogo juu ya kilima cha mafurushi, anatazama mbele kule barabara inakokwenda. Mwaka 1999 alipeleka lori la mafurushi katika maonyesho makubwa ya sanaa ya Venice, Italia, akaliweka mbele ya kioo kikubwa, na kazi ile akaitoa kwa ajili ya wakimbizi wa vita vya Kosovo, ambavyo mwaka huo vilipiganwa ng'ambo tu ya bahari.

Mwaka huo huo wa 1999 ndipo aliposimama Tokyo. Amesimulia kwamba alikuwa ametembea mjini kwa muda mrefu akitafuta la kufanya, mpaka alipofika mtaa wa Shibuya, akakutana na bahari ya watu, na hapo miguu yake ikakataa kuendelea. Ilimbidi asimame. Kazi hiyo akaiita Mwanamke Sindano. Kati ya 1999 na 2001 aliirudia Shanghai, Delhi, New York, Mexico City, Cairo, Lagos na London. Na inapoonyeshwa ukumbini, picha za miji yote minane hutembea kwa pamoja kutani, bila sauti, kwa muda wa dakika 6 na sekunde 33.

Kwa nini sindano? Watoto wetu wana kitendawili: anawavika wote, mwenyewe yu uchi. Sindano hupita katika kitambaa, huunganisha kipande na kipande, kisha hutoka. Kinachobaki ni uzi. Kimsooja anaufanya mwili wake sindano, na kitambaa ni watu. Wala hasahau kwamba sindano hutoboa. Chombo kile kile kinachoshona jeraha ndicho kinachochoma.

Usiku ule, mjukuu wangu alipokwisha kulala, niliwasha tena ile kompyuta kwa ubishi wangu. Safari hii nilifanya kama alivyonishauri: niliwatazama wanaopita. Hapo ndipo kazi iliponifungukia. Tokyo wanampita kama vile hayupo. Hakuna hata mmoja anayegeuza shingo. London na New York wengi wana haraka zao. Delhi wanaume wanapita na kugeuka, wanarudi kumtazama tena. Lagos ni jambo jingine kabisa. Lagos watoto wanakuja, wanasimama, wanamkodolea macho usoni, pale ambapo sisi watazamaji haturuhusiwi kufika. Ninatazama nyuso zao ili nibahatishe uso wa yule mwanamke ukoje. Huyu mama hakuwaambia neno, wala wao hawamjui, lakini wamesimama naye.

Nilipowaona watoto wale wa Lagos moyo wangu ulishtuka, nikafunga kompyuta. Msomaji wangu, sasa inanibidi nieleze ni kwa nini, na sitajipamba.

Mwaka 1987 nilikuwa mkuu wa shule ya sekondari ya bweni katika wilaya moja ya bara. Matroni aliniletea taarifa kwamba msichana mmoja wa kidato cha tatu ni mjamzito. Utaratibu wa wakati ule nchini Tanzania wote tuliujua: msichana wa namna hiyo alifukuzwa shule. Nilimwita ofisini, nikamsomea barua niliyoiandika kwa mkono wangu, nikamwambia basi la kwenda kwao linapita adhuhuri. Hakulia, wala hakuniuliza chochote. Alirudi bwenini, akatoka na vitu vyake vimefungwa katika kanga moja, kwa sababu sanduku la bati alilokuja nalo lilikuwa la kuazima kwa mwenziwe.

Kituo cha basi kilikuwa ng'ambo ya barabara, kinatazamana na dirisha la ofisi yangu. Ilikuwa saa tatu asubuhi. Alitua furushi chini, akasimama pembeni yake. Aliipa shule mgongo, uso akauelekeza kule basi litokako. Hapakuwa na kivuli. Basi lilichelewa kama kawaida ya mabasi ya zama zile, likafika baada ya saa sita na nusu. Kwa muda wote huo hakukaa.

Wakati wa mapumziko wanafunzi walianza kukusanyika kwenye uzio kumtazama mwenzao. Wawili watatu walitaka kuvuka barabara. Nikatoka, nikapiga kengele kabla ya wakati, nikawaamuru warudi darasani. Mama mmoja mpishi hakunisikia, au alijifanya hakunisikia. Alivuka na kikombe cha uji, akasimama na yule mtoto mpaka akamaliza kunywa, akarudi na kikombe chake jikoni. Siku ya pili nilimwandikia barua ya onyo kwa kuacha kazi bila ruhusa. Barua ile niliiweka katika jalada lake, naye akaipokea kwa mikono miwili na kuniambia, "Ahsante, Mwalimu."

Mimi mwenyewe nilisimama dirishani mara nyingi siku ile, huku nikijisemea kwamba sheria si yangu. Na kweli sheria haikuwa yangu. Ilidumu miaka mingi baada ya hapo, mpaka Novemba 2021, Serikali ilipotangaza kwamba wasichana waliokatizwa masomo kwa ujauzito waruhusiwe kurudi shuleni. Nilisikia tangazo lile redioni, nikafurahi kama raia mwema, nikaendelea kunywa chai yangu. Sikuona kwamba linanihusu. Ilikuwa mpaka mwanamke mgeni kutoka Korea aje anisimamie barazani kwangu na mgongo wake.

Maana ukweli ni huu: sura ya yule msichana siikumbuki. Nimejaribu. Jina lake nalo nalikumbuka nusu, kwa kuwa katika daftari la mahudhurio tuliwaita wanafunzi kwa majina ya baba zao, na ni jina la baba yake lililobaki kichwani mwangu. Ninachokikumbuka sawasawa ni mgongo, shati jeupe la shule lililolowa jasho katikati, na kanga nyekundu na nyeusi iliyofungwa fundo. Mkuu wa shule aliyemwona mtoto kila siku kwa karibu miaka mitatu amebakiwa na mgongo wake.

Mjukuu wangu nilimsimulia habari hii kabla hajaondoka. Nilitaraji atanifariji, kwa kuwa ni mtoto mwenye huruma. Alikaa kimya kwanza, kisha akasema, "Lakini, Babu, hawa wawili hawafanani. Kimsooja alichagua kusimama. Na kamera ilikuwa yake."

Alisema kweli, na nimeitafakari kweli hiyo. Msanii akimaliza dakika zake huondoka salama. Ana tiketi ya kurudi na kitanda cha kulala. Yule mtoto wangu hakuwa na kamera, na kule alikokuwa akienda alijua fimbo inamngoja. Sitaki kuifanya aibu yangu kuwa sanaa. Lakini nadhani Kimsooja anaijua tofauti hiyo kuliko mimi. Mwaka 2005 aliirudia kazi yake mahali pagumu zaidi: Patan huko Nepal, Havana, Rio de Janeiro, N'Djamena, Sana'a na Jerusalem. Ni miji yenye majeraha ya vita, ya umaskini au ya kutawaliwa. Hakwenda kugawa chakula wala kuhutubia. Alisimama tu, akaacha watu wa pale waonekane. Kabla yake, katika miaka ya 2000 na 2001, aliketi chini barabarani Lagos, Cairo na Mexico City, mkono ameunyosha kama ombaomba. Na Delhi na Cairo alilala chini njiani kama mtu asiye na nyumba. Huwezi kuyatazama hayo bila kujiuliza wewe ungepita upande gani.

Nimekuja kuona kwamba swali la kazi yake si yule mwanamke ni nani. Uso wake ameuficha makusudi ili tusipoteze muda kwenye swali hilo. Swali ni nani anayempita, na anampitaje. Mimi nilitoa adhabu ya kusimama kwa miaka zaidi ya thelathini nikidhani ninampima anayesimama. Kumbe kila siku pale kwenye mlingoti tulikuwa tunapimwa sisi tuliokuwa tunapita, nami sikuwahi kusahihisha mtihani ule.

Kuna kazi yake nyingine ya mwaka 2000. Amesimama ukingoni mwa mto Yamuna mjini Delhi, anatupa mgongo vile vile, na maji yanapita mbele yake yamebeba maua na mabaki kutoka mahali pa kuchomea maiti. Amesimulia kwamba baada ya kusimama kwa muda alichanganyikiwa, asijue kama ni mto unaokwenda au ni yeye. Halafu akatambua kwamba mto utabaki, na kwamba ni mwili wake utakaopita. Kwa mtu wa umri wangu maneno hayo hayahitaji ufafanuzi. Nami niliyedhani nimesimama imara dirishani, kumbe nilikuwa napita.

Wiki moja baada ya mjukuu wangu kurudi chuoni nilifanya jambo ambalo sijamwambia. Nilikwenda sokoni asubuhi, nikasimama katikati ya njia ya kuingilia, mikono chini, uso mbele. Nilikusudia kukaa kimya dakika 6 na sekunde 33, nione inakuwaje. Saa ya mkononi nilikuwa nimeitazama kabla ya kuanza.

Sikufika mbali. Kwanza kijana wa bodaboda alisimama ubavuni mwangu: "Mzee, twende?" Sikujibu. Kisha nikasikia nyuma yangu, "Shikamoo, Mwalimu." Salamu haiachwi, lakini nilijikaza nisiitike, na hapo ndipo nilipoharibu kila kitu, kwa sababu mzee asiyeitikia shikamoo ni mgonjwa. Mama muuza mchicha aliacha meza yake, akanishika kiwiko. "Mwalimu, unaumwa? Umepotewa na nini? Hebu lete kigoda, nyie!" Kigoda kikaletwa. Maji yakaletwa. Mtu mmoja alikwisha kutoa simu ampigie mwanangu. Nikaketi, nikanywa maji, nikawashukuru, nikawaambia ni kizunguzungu kidogo tu.

Nilipotazama saa, zilikuwa zimepita dakika mbili.

Yule mama alikataa nisiondoke mpaka nipumzike. Nikabaki pale kwenye kigoda chake, nyuma ya mafungu ya mchicha, nikihesabu. Tangu saa tatu mpaka saa sita na nusu ni saa tatu na nusu. Ni dakika mia mbili na kumi. Katika dakika hizo zote yule mtoto alipata kikombe kimoja cha uji, na aliyempelekea nilimwandikia onyo.